Msimulizi wa Joka la Kijani

Marehemu alikuwa akisimulia sinema ambayo, siku alipokaliwa matanga, ilikuwa bado haijatoka.

Nzigire alimsikia akiwa anaanika sambaza, wale dagaa wa ziwani, uani, kule Cyangugu chini karibu na ziwa. Sauti ilitoka kwenye televisheni ya jirani. Alisimama na beseni lake mpaka Elikia, binti yake, akaja mbio na kumshika kitenge.

"Maman, ni papa. Papa anaongea ndani ya joka."

Nzigire hakuwa mtu wa kuamini mizimu. Aliingia kwa jirani, akaketi bila kukaribishwa, akasikiliza hadi mwisho. Ilikuwa ile katuni ya mchunga mbuzi na joka lake la kijani, sehemu ya tatu. Kila joka lilipojiandaa kutema moto, msimulizi alikohoa kidogo. Utani wake aliucheka mwenyewe kabla hajaumaliza. Aliposema joka linahema kama Fuso inayopanda Nyawera, ule mlima wa kwao Bukavu, Nzigire alijifunika uso kwa mikono yenye magamba.

Balagizi, mume wake, alikuwa na chumba cha video Bukavu, ng'ambo ya ziwa. Sinema zilikuja na Kiingereza chake. Yeye alipunguza sauti, akashika mikrofoni na kuwasimulia watu kwa Kiswahili cha mtaani. Kila msimulizi ana alama yake ili mwenzake asimwibie kazi. Alama ya Balagizi ilikuwa jina: shujaa aliitwa jina la mtoto wake. Katika sehemu ya kwanza na ya pili mchunga mbuzi alikuwa Elikia, na watoto wa jirani walimwonea binti wivu mpaka wakamtoa mchezoni.

Mwaka jana vita viliingia mjini. Balagizi aliwatafutia mkewe na mtoto nafasi kwenye mtumbwi wa kwanza, akarudi kufunga mashine zake. Elikia akagoma kupanda, akalia, wakachelewa, wakaja na mtumbwi wa pili. Ule wa kwanza ulizama. Siku hiyohiyo chumba cha video kiliteketea na watu ndani, na hakuna aliyeweza kuwatambua. Simu yake haikuita tena. Wakimbizi wenzake walikaa matanga na Nzigire, padri akasoma misa, yeye akavaa nyeusi. Tangu hapo aliamka, akaanika, akauza, akalala. Hakuwa akingoja kitu.

Sasa alikuwa anatafuta viatu vyake.

"Maman," Elikia alisema, "juu ya nini mchunga mbuzi anaitwa Ganza? Mi niko wapi?"

Mama alimjibu kwamba hapa ni Rwanda, wateja wanataka jina la kwao, na papa naye lazima ale. Mtoto alinuna. Nzigire hakuwa na nafasi ya kubembeleza mtu. Jirani alishasema kwamba flashi yenye hiyo sinema ilitoka kwenye duka moja la Gashonga. Alimwacha Elikia kwa jirani, akapanda pikipiki.

Njia nzima ilikuwa migomba na mihogo. Alijiambia asitegemee kitu. Labda ni mwizi wa sauti. Vijana siku hizi wanaiga chochote. Lakini nani angeweza kuiga kule kukohoa?

Kulipata duka hakukumsumbua. Mlangoni palichorwa joka la kijani lenye miguu ya kuku. Ndani, mwanamke mmoja mwenye mtoto mgongoni alikuwa anawawekea wateja sinema kwenye flashi zao. Aliitwa Benitha. Alikulia Uvira kabla wazazi wake hawajarudi Rwanda, kwa hiyo Kiswahili chake kilikuwa chepesi. Alisema msimulizi ameenda Nkungu kufunga spika za harusi, hatakawia. Kisha akaziangalia nguo nyeusi za mgeni.

"Pole, Maman. Ni bwana?"

"Ni bwana."

"Vita?"

"Vita."

Benitha aliiacha kompyuta yake. "Na huyu wetu vilevile. Mtumbwi ulizama na bibi yake na mutoto mwanamuke. Alifika hapa ananyamaza, ye muntu wa maneno mengi. Tulimuombea misa ya bale marehemu bake. Ni hii majoka ndiyo ilimurudishia mudomo."

Nzigire alishika fremu ya mlango. Basi ni hilo tu. Yule mjinga naye alikaa matanga. Huku wanamlilia yeye, huko anawalilia wao, na kati yao ni safari ya pikipiki. Alitaka kucheka, alitaka kupiga mtu kofi. Hakumwambia Benitha kitu. Habari hii Balagizi angeisikia kwanza kutoka kinywani mwake.

Aliomba kungoja. Benitha alimpa kiti, akamletea chai ya maziwa, akamwambia anywe ingali moto. Ana moyo huyu, Nzigire aliwaza. Balagizi alibahatika kupata mwajiri wa namna hii. Akaanza kupanga: chumba cha Cyangugu ni kidogo, lakini kitanda kinaweza kusogezwa. Sehemu ya nne ikitoka, Elikia atarudishiwa jina lake, apende mteja asipende.

Alivua kitambaa cheusi kichwani, akakikunja mara mbili, akakisukuma chini kabisa ya mfuko. Akajipapasa nywele. Benitha alimwona, akatabasamu tu.

Nje pikipiki ilizima. Mtu akakohoa kidogo, akasema neno, akalicheka mwenyewe kabla hajalimaliza.

Nzigire alisimama. Nyuma yake Benitha alikuwa amefungua kitenge, akamleta mtoto kifuani na kumpangusa mate.

"Ganza, amka. Papa yako amefika."