Mkono Mmoja

Hamdani hakunyoosha mkono. Kwa miezi minne alizunguka matawi ya chama akiwashawishi wanachama wadai kura ya siri, na sasa mwenyekiti alikuwa akiwauliza mkutanoni, huku akicheka.

“Haya, wanaotaka kura ya siri, mikono juu tuwaone!”

Alimkazia macho Hamdani. Kibanda cha biashara cha mke wa Hamdani kilikuwa kwenye kiwanja cha chama. Watu arobaini waliomwahidi walimtazama yeye, nao wakaacha mikono chini.

Bi Mwanaidi peke yake ndiye aliyenyoosha. “Hamdani, mwanangu, si ulisema sote?”

Hamdani akainama kufunga kamba ya kiatu iliyokuwa imefungwa.

Katibu akahesabu mkono mmoja, akadai kadi ya uanachama ya Bi Mwanaidi. Bibi, mwanachama wa miaka thelathini na miwili, aliitoa kwa mkono wa kushoto. Wa kulia ulikuwa bado juu.