Kambare katika Bwawa la Wifi

Kambare walirukaruka ndani ya ndoo, wakigonga kifuniko kama wanaobisha hodi. Dada Mkubwa alikibana kwa kiwiko na kukaza mwendo katikati ya mahindi. Hapakuwa na mtu. Kaka yake alikuwa kazini, mama yao alikuwa ndani akikanda miguu yake inayomsumbua, na wifi yake alikuwa amempeleka mtoto kliniki.

Alipofika kwenye bwawa la wifi alitazama kulia na kushoto, kisha akaiinamisha ndoo. Kambare waliteleza majini, kila mmoja urefu wa kiganja, wala hawakuaga.

"Kuleni," aliwaambia. "Msibakize."

Hakuzaliwa na roho mbaya. Ndoa yake ilivunjika kwa sababu hakupata mtoto, akarudi nyumbani na begi moja. Kaka yake akampa kipande cha ardhi kando ya mto, ng'ambo ya shamba la mahindi, achimbe bwawa la samaki kama la mkewe. Mawifi hao wawili walipandikiza vifaranga wa perege siku moja, walioletwa na gari moja.

Lakini ukitupa pumba kwenye bwawa la wifi, maji yalichemka kwa vichwa vya samaki. Kwa Dada Mkubwa, ndege walishuka tangu mwanzo wakajilia vifaranga watakavyo. Ulitupa pumba, ukasubiri, ukasubiri tena, ndipo mkia mmoja ukapiga maji na kutoweka.

"Mke wa kaka yako ana mkono wa baraka," mama alikuwa akisema kila jioni. "Anachokigusa kinazaa."

Neno hilo, kinazaa, lilimkaa Dada Mkubwa kooni kama mwiba wa samaki. Ndipo aliposikia kwa mtega samaki mmoja kwamba kambare ni fisi wa majini, hawaoni kitu kidogo wakakiacha. Akamwambia amletee.

Baada ya hapo alikaa kusubiri. Wifi hakuacha kuja kwake. Alizidi tu upole: leo kamletea mboga, kesho kamwuliza ameamkaje, na kila mara macho yake yalikawia kidogo usoni mwa Dada Mkubwa. Kule bwawani, vichwa vilianza kupungua. Ikafika mahali pumba inaelea tu, haina mlaji.

Dada Mkubwa akaanza kupata usingizi mzuri.

Siku ya kuvua, watu walijaa. Afisa wa uvuvi, ambaye wote walimwita Bwana Samaki, alikuja mwenyewe na mizani. Mama aliwekewa kiti kivulini. Wifi alikuwa wa mwisho kufika kwenye bwawa lake mwenyewe, ana tope mpaka magotini, na wavu hata haujatupwa.

"Umetoka wapi hivyo?" mumewe akamwuliza.

"Nimeteleza."

Akaja moja kwa moja kwa Dada Mkubwa, akamshika mkono. "Leo huondoki hapa, wifi. Tutakaa wote mpaka atoke samaki wa mwisho."

"Niende wapi tena?" Dada Mkubwa alijibu, akijikaza asicheke. Siku hii hata kwa kupigwa asingeikosa.

Vijana wakaukokota wavu. Ukawa mzito. Mmoja alipiga kelele, na wengine wakaingia majini na nguo zao kumsaidia. Walipoufikisha ukingoni, Dada Mkubwa alinyoosha shingo aone. Perege wapana kama sahani, wamenona, wanapigana mieleka kwenye nyasi. Katikati yao, kambare wawili watatu wa kujaza beseni.

Bwana Samaki alipiga magoti, akafungua kinywa cha kambare mmoja na kucheka. "Nani aliwatia hawa? Nilipopita hapa miezi iliyopita nilipata wasiwasi. Perege walikuwa wamezaana mpaka wamedumaa, wote ukubwa wa kidole hiki, wanagombania chakula, wanagombania hata hewa. Kambare wamekula wale wadogo, hawa wakapata nafasi ya kukua. Aliyefanya hivi ameliokoa bwawa hili."

"Si nilisema?" mama aliita kutoka kivulini. "Mkono wa mkwe wangu huo! Ana mkono wa..."

"Ni mimi!"

Watu wakageuka. Dada Mkubwa mwenyewe alishtuka kusikia sauti yake, lakini maji yalikuwa yameshamwagika. "Mimi ndiye niliyewatia, mama. Nilitaka kumsaidia wifi yangu. Sikutaka kujitangaza."

Mama aliinuka na miguu yake mibovu, akaja kumkumbatia mbele ya watu wote. Makofi yakapigwa.

"Basi nawe Mungu amekulipa," Bwana Samaki alisema. "Juzi nilitupa wavu kwako, nikaona ajabu. Ndege wamekupunguzia vifaranga, waliobaki wamekula kwa raha zao. Samaki wako ni wakubwa kuliko hawa. Wiki ijayo tunakuja kuvua kwako, na mizani hii sijui kama itatosha!"

Dada Mkubwa akaduwaa. Siku zote hizo alikuwa akimwonea kijicho mwenye vidagaa, na minofu iko kwake. Akataka kucheka, akataka kulia. Akamgeukia wifi yake, kwa mara ya kwanza bila donge.

Wifi hakuwa amepiga makofi. Vidole vyake, bado vimeshika mkono wa Dada Mkubwa, vilikuwa vya baridi.

"Wifi," alinong'ona. "Siku ile nilikuta kliniki imefungwa, nikarudi mapema. Nilikuona na ndoo, nikajua unanimaliza. Leo alfajiri nimechukua jembe, nikaubomoa ukingo wa bwawa lako, upande wa mto."