Kope Saba

Mize alimkabidhi fundi kitambaa cha uhai wa mumewe mgonjwa. Kilikuwa kimebaki upana wa kidole.

"Niongezee kope saba. Zimfikishe Ijumaa, watoto wamkute."

"Kope moja ni uzi ninaoupitisha ukipepesa jicho," fundi alisema. "Haya, bibi, pepesa."

"Nifumbe macho uniibie? Wafumaji nawajua!"

Akaikodolea macho mikono ya fundi. Fundi akangoja, uzi mkononi.

"Bibi, nakusihi. Jicho likiwa wazi siwezi kufuma."

"Ndivyo wasemavyo wezi wote."

Machozi yalimjaa, yakamtiririka mashavuni, naye hakupepesa. Pembeni mwa kitambaa uzi mmoja ukafumuka wenyewe, kisha wa pili. Mize aliziona.

"Si nilisema utaniibia?" akafoka, akazidi kukodoa.