Namba ya Mlango wa Ghala

"Mama Gift, nitajie namba ya leo," ilisema sauti kwenye simu. "Nimefungiwa ghalani. Dawa inanimaliza."

Paulina, karani wa chama cha wakulima wa korosho, aliitambua sauti hiyo mara moja. Alikuwa Nathanaeli wa Kitasa. Leo hata hakujisumbua kujifanya mtu mwingine.

Nani Newala asiyeijua kampuni ya Kitasa? Miaka mitatu iliyopita ilikuwa meza moja ndani ya duka la madaftari kule Masasi, Nathanaeli upande huu, mwenzake Dorothy upande ule, wakigombania soketi moja ya umeme. Kisha matapeli wa mtandaoni wakavamia kompyuta za vyama viwili, na watu wakakumbuka kuwa kuna vijana wanaojua kulinda mambo hayo. Sasa wana ofisi Masasi, Newala na Tandahimba, na tajiri mmoja wa Dar es Salaam anataka kuinunua kampuni nzima. Dorothy alitaka kuuza, Nathanaeli akakataa katakata. Waligombana mpaka padri akawakalisha chini wakapatana.

Kilichoikuza Kitasa ni sauti ya Nathanaeli. Kazi yake ni kuwapigia makarani wa wateja ili kuwapima. Mara ni bibi wa Kimakua anayelia, mara ni afisa mwenye hasira zake. Anakupa shikamoo ya unyenyekevu, anawaulizia watoto wako kwa majina, na hujakaa sawa umeshamtajia namba ya siri. Paulina alikwishaanguka mara mbili. Mwenyekiti alimwambia wazi kuwa akianguka mara ya tatu, kazi hana. Na Gift ndiyo kwanza ameingia kidato cha tano.

"Leo huna hata salamu?" Paulina aliuliza.

"Mama Gift, nakuomba." Kikohozi kikamkaba, kirefu, cha kuvuta. "Haki ya Mungu, huu si mtihani."

Maneno hayo hayo aliyatumia mara ya pili, alipokuwa dereva aliyepata ajali. Paulina akakata simu.

Ghala lenyewe liko njia ya Makote, na mlango wake uliwekewa kufuli la umeme na Nathanaeli kwa mikono yake. Kwa nje unafunguka kwa kadi ya Kitasa. Kwa ndani unataka namba, ili mwizi akiingia aishie humo humo. Namba hubadilika kila asubuhi na hutumwa kwa Paulina peke yake. Hata kampuni haiioni, na kwa sifa hiyo mikataba ilimiminika. Jana korosho zilifukizwa dawa ya wadudu, na watu wakaambiwa wakae mbali siku tatu. Kumbe habari za dawa nazo zimeshamfikia, Paulina aliwaza, akatikisa kichwa. Kijana huyu alikuwa hachoki.

Simu ikaita tena.

"Shikamoo, Mama Gift," alisema Nathanaeli, taratibu, neno moja moja. "Namba."

"Marahaba," Paulina alijibu, akakata. Angalau adabu ameikumbuka.

Utaratibu ulimtaka atoe taarifa Kitasa, naye akampigia Dorothy. Dorothy alipokea hata kabla simu haijaita vizuri.

"Umemtajia?"

"Sijamtajia."

Dorothy akashusha pumzi. Alimpongeza sana, akamwambia kweli ni Nathanaeli, yuko kazini anawapima. Akipiga tena asipokee. Yeye mwenyewe angemwandikia mwenyekiti leo hii kwamba karani wake amefaulu.

Paulina aliona machozi yanamlenga kwa furaha. Kazi ilikuwa imepona. Simu iliita mara nne zaidi, akaifunika kwa faili na kuendelea na kazi zake. Baadaye ikanyamaza. Alifungua bakuli lake la ugali na kisamvu, akala kwa utulivu ambao hakuwa nao kwa miezi mingi.

Alikuwa ananawa mikono alipoingia Mzee Ashiru, mlinzi wa ghala, na furushi la dagaa kutoka sokoni. Paulina akamwamkia, wakaulizana habari za nyumbani, za shamba, za mgongo wa mzee.

"Na yule kijana ameshamaliza?" Mzee Ashiru akauliza.

"Kijana gani?"

"Nathanaeli. Dada Dorothy alimleta asubuhi kwa gari, atazame betri ya mlango kwa ndani, dakika moja tu. Mimi akaniambia nijiendee zangu sokoni, mlango ataushikilia yeye."