Kimya cha Sifuni

Zawena alikuwa muuguzi pekee katika wodi ya wazazi, na masikio ndiyo yaliyompangia kazi: aliyepiga mayowe zaidi alihudumiwa kwanza. Asubuhi hiyo Sifuni, mgeni kutoka milimani, alilala kimya, ameuelekea ukuta.

"Wewe bado sana," Zawena alimwambia akipita. "Wenzako wanawaita mama zao, wewe unahesabu matofali!"

Wajawazito wengine walicheka.

Adhuhuri, Zawena alipofunua shuka, mtoto alikuwa amekwisha kutoka, kitovu kimemzonga shingoni. Alijaribu kumzindua kwa muda mrefu. Mtoto hakupumua.

"Mbona hukulia, mwanangu?" alimuuliza Sifuni. "Ningejuaje?"

Aliyejibu ni mama mkwe wa Sifuni, kutoka mlangoni, ambako hakuwa ameona kitu bado. "Kwetu mwanamke halii uzazini, sista. Akilia, mtoto huogopa kuja duniani. Huyu amejikaza, hakututia aibu."

Zawena alivuta upindo wa kanga ya Sifuni ili amfute uso. Upindo ulikuwa katikati ya meno, na Sifuni hakuuachia.