Mlango wa Jiko

"Shimo la manispaa lina mfuniko, mama," karani alisema, akinigeuzia picha ya mkaguzi. "Serikali itakulipaje fidia ya mume aliyetumbukia kwenye shimo lililofunikwa?"

Nilitazama. Mfuniko ulikuwa na kitasa. Ulikuwa mlango wa jiko langu, niliouweka pale siku ya tatu baada ya mazishi, watoto wa watu wasije wakamfuata.

"Huo ni mlango wangu, mwanangu. Tangu niung'oe, paka wa mtaa mzima wanakula kwangu."

Alicheka, akafunga faili. "Basi kauondoe. Mkaguzi atarudi kesho, akute shimo wazi."

Nilipofika, watoto walikuwa wanatoka shule, wanakanyaga mlango wangu mmoja mmoja. Nilishika kitasa, nikasubiri wapite.

Hawakuisha.