Pete Kwenye Chemba ya Saba

"Pete imeingia chooni!"

Mhandisi alitoka chooni mbio, mikono juu, suti yake imenyooka kama imetoka dukani. Ukumbi mzima wa harusi ukainuka vitini. Pete ya mwanawe! Na yeye ndiye aliyekabidhiwa aitunze, mtu aliyefanya kazi miaka thelathini na moja kwenye majitaka, mtaa mzima unamwita Mzee Chemba.

Shangazi wa bibi harusi alikuwa njiani kuelekea chumba cha nyuma kumgongea bwana harusi, maana tai gani inafungwa saa nzima? Akageuka.

"Nilisema mimi! Siku ya kutambulishana mwanao, fundi kama wewe, alituacha mezani akakimbilia bomba lililopasuka. Nikaapa: akimwacha tena mwanangu kwa ajili ya bomba, namshika mkono narudi naye nyumbani. Sasa bomba limekula na pete!"

"Taratibu, mkwe," Mhandisi alisema. "Bwana harusi mwenyewe keshavua suti, kavaa buti, kaingia chini kuifuata. Katokea mlango wa nyuma."

Shangazi alibaki mdomo wazi. "Kaingia humo? Kwa ajili ya mwanangu?"

"Humo humo."

Fundi bomba mmoja, mgeni mwalikwa, akainua kidole. "Lakini Mzee, pete ni nzito. Si inabaki pale pale kwenye kona ya choo? Tufungue tu..."

"Choo hiki nilikifunga mimi! Kinavuta kama jini. Saa hizi pete iko chemba ya pili, shimo la majitaka kule barabarani. Twendeni!"

Basi harusi ikahamia barabarani. Mhandisi mbele na kulabu yake ya kuinulia mifuniko, ambayo haikosi kwenye gari hata akienda msibani. Shangazi nyuma yake, gauni kalipandisha mpaka magotini. Bibi harusi viatu mkononi. Mpiga picha anakimbia kinyumenyume. Mke wa Mhandisi alikuja wa mwisho, kajishika mbavu kwa kicheko, utadhani pete iliyopotea ni ya jirani.

Mfuniko wa chemba ya pili ukainuliwa. Maji yamejaa karibu na mdomo, yametulia tuli.

Mhandisi akachungulia simu yake, akairudisha mfukoni. "Imeshapita!"

"Umejuaje?" Shangazi akauliza.

"Mkwe, mimi na maji haya tunajuana."

"Maji yenyewe hayaendi," fundi bomba alinung'unika. "Pete inaendaje?" Mke wa Mhandisi akamkanyaga kidole gumba.

Ya tatu, imejaa. Ya nne, imejaa. Wenye maduka wakafunga milango wakafuata, wengine wanauliza ni harusi ya nani, wengine hawana hata haja ya kujua. Bibi harusi akaanza kuhema.

"Utazoea, mwanangu," mama mkwe wake alimwambia. "Mimi wangu alikuja harusini ananukia dawa ya maji, akatia saini na buti zake miguuni."

Walipoinamia chemba ya sita, kitu kikaguguma chini kama tumbo la ng'ombe. Gluuu! Maji yakazunguka mara moja, yakashuka yote, sakafu ikabaki wazi.

Mhandisi aliruka juu kama mtoto. "Kafungua! Kafungua!"

"Kafungua nini?"

"Njia, mkwe! Njia!"

Chemba ya saba ilikuwa kando ya ukuta wa zahanati. Wafanyakazi wawili wa idara ya majitaka walikuwa wameshika kamba iliyoteremka shimoni.

"Hata hawa wameitwa! Upesi hivi!" Shangazi alishangaa. Wale wawili wakatazamana.

Kamba ikavutwa. Ikatoka kofia ngumu, ikatoka sura nyeusi kwa tope, yakatoka meno. Umati ukalipuka kwa shangwe. Mhandisi aliwahi wa kwanza, akamshika mwanawe mkono kwa mikono yake miwili, akaubana, hakutaka kuuachia.

Shangazi alikuwa analia. "Mwanamume ni huyu! Nilikosea, nakiri mbele za watu. Haya, mwanangu, tuonyeshe pete!"

Bwana harusi aliwatazama: watu zaidi ya mia, kamera, bibi harusi wake peku na gauni jeupe. Akamwinamia baba yake sikioni.

"Uzibo wa tangu alfajiri umetoka, baba. Majitaka yameshatoka wodi ya wazazi. Nilikuwa nakuja, haki ya Mungu nilikuwa nakuja," alinong'ona, huku kiganjani akihisi kitu kidogo cha duara, kikavu kabisa. "Pete gani?"